Samaki Watatu, Watoto Arobaini na Watatu

Mimi ndiye niliyeleta usawa katika shule ya binti yangu. Nasema mapema ili mtu asije akamlaumu mwalimu mkuu, ambaye kosa lake lilikuwa kunisikiliza tu.

Binti yangu alikuwa darasa la tano, analala bweni, katika shule moja ya msingi upande wa Kasubi. Mimi ni Mkenya, kazi ndiyo iliyonileta Kampala, na nimekaa hapa miaka mingi kiasi kwamba nikienda kwetu naambiwa naongea kama mgeni. Nimezoea karibu kila kitu cha mji huu. Visitesheni sijaizoea mpaka leo.

Visitesheni ni ile Jumapili moja ya muhula ambayo wazazi huruhusiwa kuwatembelea watoto wa bweni. Mtu asiyeijua atadhani ni siku ya kumuuliza mtoto hali yake na kupitia madaftari. Madaftari hupitiwa, ndiyo, kwa dakika tano, tena kwa mkono mmoja, kwa sababu mkono wa pili umeshika paja la kuku. Uwanja wa mpira hujaa magari. Kila gari limefunguliwa buti, kila buti lina hotipoti tatu, mkeka umetandikwa, na mtoto amekaa katikati analishwa kama aliyetoka kifungoni. Kuna kuku wa kukaanga, pilau, chipsi, na luwombo, ule mchuzi uliofungwa kwenye jani la mgomba, ambao Waganda huupika kwa heshima na kuufungua kwa madaha ili gari la jirani lisikie harufu. Kwa maana chakula ni cha mtoto, lakini buti ni la majirani. Nimewahi kumwona baba mmoja akishusha keki ya ghorofa mbili kwa mtoto wa miaka saba ambaye hata siku yake ya kuzaliwa haikuwa karibu. Mimi mwenyewe muhula uliofuata nilibeba keki.

Basi, visitesheni moja nilikwenda nyuma ya matangi ya maji nikitafuta choo, nikamkuta mtoto wa kike ameketi juu ya tofali. Alikuwa analia huku akikariri jedwali la saba kwa sauti. Saba mara sita, arobaini na mbili. Saba mara saba, arobaini na tisa. Nilimtambua. Ndiye aliyekuwa akikaa dawati moja na binti yangu, Mkongomani, mtoto wa mama mmoja mkimbizi anayekaanga samaki kule Ggaba, kwenye mwalo wa wavuvi ziwani. Siku hiyo mama yake hakuja. Nikamwambia aje ale nasi. Akajifuta macho akasema ameshiba. Nilifurahi, kusema kweli, kwa sababu kwenye hotipoti yangu yalibaki mapaja mawili tu.

Lakini picha ile ilinikaa, na picha ikishanikaa mimi lazima niitolee hotuba. Mkutano wa wazazi ulipofika, nikasimama. Nikaeleza habari za mtoto aliyekuwa akilia nyuma ya matangi wakati watoto wetu wanashiba. Sikumtaja, lakini nilimtumia vizuri sana. Nikauliza tunawafundisha nini watoto hawa. Nikauliza kama tunataka taifa la watu wanaokula huku wenzao wanawatazama. Mama mmoja aliyevaa gomesi la zambarau, lile vazi refu la heshima la Waganda, alitoa leso. Baba wa ile keki ya ghorofa alitazama viatu vyake. Nikapendekeza kwamba kuanzia sasa, chakula chote cha visitesheni kiwekwe kwenye meza moja ndefu, na watoto wenyewe wakigawe sawasawa, kila mtu apate sawa na mwenzake. Darasa letu lianze, wengine wafuate.

Nilipigiwa makofi ambayo sijawahi kupigiwa hata siku ya harusi yangu. Mwalimu mkuu, mwanamume mpole anayependa sana maneno makubwa, alisema leo shule imepata mwanga. Papo hapo nikafanywa mwenyekiti wa kamati. Jioni ile nikaandika tangazo, nalo likapigwa muhuri wa shule na kupelekwa kwa kila mzazi: ili kuwafundisha watoto wetu thamani ya usawa, hakuna chakula chochote kitakacholiwa nje ya meza ya pamoja. Neno chochote nililipigia mstari. Mistari miwili.

Ijumaa kabla ya siku yenyewe nilikwenda Nakivubo nikanunua kuku wa kienyeji. Nisimsingizie mume wangu, maana yeye huendesha lori na wakati huo alikuwa njia ya Juba. Hili lilikuwa langu peke yangu. Kwa ajili ya meza nilinunua mikate minne na ndizi mbivu mkungu mzima. Kuku alikuwa wa mambo mengine. Nilijiambia mtoto amekonda. Nilijiambia kwamba kuku mmoja kwa watoto arobaini na watatu wa darasa zima ni dharau, afadhali asiwepo kabisa. Nilijiambia kwamba kiongozi ana majukumu yake. Mtu akitaka kujiruhusu jambo huwa hakosi wakili, na wakili wangu alifanya kazi mpaka saa ya kumkaanga yule kuku. Nilimfunga kwenye foili, nikamtia kwenye hotipoti, hotipoti nikaizungushia taulo, nikaisukuma ndani kabisa ya buti.

Nilichosahau ni askari wa getini. Huku Kampala huingii popote kabla gari halijakaguliwa: dukani, kanisani, hata harusini. Askari wa shule ile alikuwa mwanajeshi mstaafu, na Kiswahili chake kilikuwa kile cha kambini. Alifungua buti langu, akainama, akainua taulo kwa ncha ya kirungu chake.

"Nnyabo, hii ni nini?"

"Spea taya," nikasema, na uso wangu ukakaa mkavu.

Akavuta pumzi ndefu kupitia pua. "Iko sawa. Pita. Leo gali yote iko na spea taya, na yote iko na halufu ya kuku."

Hakucheka. Alifunga buti polepole, kwa adabu, kama mtu anayefunika mtoto shuka, na nikapita. Ningependa kuandika kwamba niliona haya. Nilichoona ni hasira: kumbe wote walikuwa wamebeba. Watu wale walionipigia makofi, mama wa gomesi la zambarau na leso yake, wote. Nikaegesha gari nikiwa nimechukizwa sana na unafiki wa wazazi wa siku hizi.

Meza yenyewe ilikuwa ya kutia huruma. Madawati kumi yalikuwa yamepangwa chini ya turubai na kutandikwa kitambaa cheupe, na juu yake wazazi wa mji mzima walikuwa wameweka mapenzi yao: mikate, ndizi, mikate tena, karanga za kuchemsha, juisi ya unga kwenye ndoo, na sahani moja ya mandazi yaliyokatwa nusu. Yule baba wa keki ya ghorofa alileta boksi la vijiti vya kuchokolea meno. Mwalimu mkuu alisimama akasema leo hapa hakuna tajiri wala maskini, sote ni watoto wa meza moja. Tulipiga makofi. Baadaye nilimwona akiingia ofisini, ambako sinia lilikuwa likimsubiri limefunikwa, na kulikuwa na kiti changu pia, kama mwenyekiti, ingawa hicho sikukikalia. Nilikuwa na mipango mingine.

Tulikuwa tumeshaimba wimbo wa shule ndipo mama wa yule mtoto alipofika. Alikuja kwa miguu kutoka barabarani, beseni kichwani, kitenge kimefungwa vizuri, na jasho limempitia mpaka mgongoni. Binti yake alimwona kabla yetu sote. Alikimbia kutoka kwenye mstari bila ruhusa, akamkumbatia kiunoni, naye mama, kwa sababu ya beseni, hakuweza kuinama. Akawa anampapasa kichwa kwa mkono mmoja, huku mwingine umeshika mzigo.

Kisha akaja moja kwa moja kwangu, maana alikuwa ameambiwa mimi ndiye mkubwa wa shughuli.

"Jambo, mama. Mutoto wa jirani alinisomea karatasi yenu. Ilisema byakula byote biende ku meza. Meza ni fasi gani?"

Nikamwonyesha. Akashusha beseni, akafunua. Ndani mlikuwa na sufuria ya sombe, yale majani ya muhogo yaliyotwangwa na kupikwa na mawese mpaka yanang'aa, donge kubwa la bukari, ugali wa kwao, limefungwa kwenye kitambaa, na samaki watatu. Ngege wa ziwani, kila mmoja mrefu kama mkono wangu kutoka kiwiko, wamekaangwa wakawa wekundu, vitunguu na nyanya juu. Wazazi walimeza mate. Aliwapanga samaki katikati ya kitambaa cheupe, kati ya mikate yetu, akarudi nyuma hatua mbili, akasimama.

Hakubakisha kitu. Nilitazama ndani ya beseni nikiwa sijui natafuta nini, na lilikuwa tupu. Watu waliokulia mahali ambapo karatasi yenye muhuri ikikataliwa unalala nje, huisoma karatasi na kuifuata. Sisi wengine tuliisoma kama tunavyosoma tangazo la kutotupa takataka.

Wa kugawa walikuwa watoto wawili. Ilitakiwa kupigwa kura, lakini mwalimu mkuu, kwa heshima ya kamati, alimteua binti yangu, nami sikumpinga. Wa pili alimchagua kwa sababu ya hesabu, na hesabu darasa lile ilikuwa na mwenyewe: yule Mkongomani. Wakapewa visu na glavu za nailoni. Mikate na ndizi ziligawika upesi. Walipofika kwa samaki walisimama wakashauriana, vichwa vimegusana, na nilisikia yule mtoto akisema kwa sauti ya darasani kabisa, "Wawili tuwakate vipande kumi na vinne, na huyu mkubwa kumi na tano. Vinatimia arobaini na vitatu."

Walifanya kazi nzuri. Nitasema hivyo hata leo. Binti yangu alichambua miiba kwa vidole, ulimi umetoka nje kidogo kama anavyofanya akichora. Mwenzake alikata. Kila kipande kilikuwa sawa na kidole gumba. Aliyepata chenye ngozi alipunguziwa nyama, aliyepata cha mkiani aliongezewa kidogo. Nilisimama pale nikitazama haki yenyewe, kwa macho yangu, inatendwa na watoto wa miaka kumi na mmoja kwa visu vya jikoni, na kifua kikanijaa. Nikawapiga picha. Nikaituma kwenye kundi la wazazi, na mioyo ikaanza kumiminika, mingine kutoka kwa watu niliokuwa nikiwaona wakitembea kuelekea kwenye magari yao.

Ndipo yule mama aliponisogelea. Alizungumza chini, ili asisikike na wengine, lakini binti yangu alikuwa karibu, upande wa pili wa meza, na alisikia.

"Mama, niko naomba kitu kidogo. Mutoto wangu sikumuona tangu masomo ilianza. Ile siku ya muhula ingine malaria ilinikamata, sikuweza kuja. Hii samaki anaipendaka sana. Naweza kumuwekea kipande kimoja, hata mukia tu, akule hapa pembeni na mimi?"

Nilijua jibu lililokuwa sahihi. Lilikuwa la neno moja, na lilikuwa jepesi. Mama huyu alilala kwenye moshi, akapanda teksi mbili, akatembea na beseni kichwani, ili mtoto wake ale samaki. Na samaki walikuwa wake. Lakini watu walikuwa wanatutazama. Mama wa gomesi la zambarau alikuwa ameinua simu. Nami nilikuwa mwenyekiti, nina tangazo langu, nina mistari yangu miwili.

Nikamshika mkono. Nilimshika mkono, jambo ambalo mpaka leo linanifanya nitamani kujizaba kofi. Nikamwambia, "Nakuelewa, mama. Nakuelewa kabisa. Lakini tukimruhusu mmoja, watoto watajifunza nini?"

Alinitazama kidogo. Sidhani alinichukia, nadhani alikuwa anapima kama ndiyo nimemaliza. "Ni kweli, mama," akasema. "Kama ni ya wote, ni muzuri. Aksanti."

Akarudi mahali pake. Watoto wakapita kwenye mstari, kila mmoja na sahani ya plastiki. Waliogawa walijipakulia mwisho, kwa sababu ndivyo nilivyokuwa nimeandika, kwamba mgawaji hupata mwisho ili asijipendelee. Yule mtoto alichukua kipande chake, kile cha kumi na tano cha samaki mkubwa, akaenda kuketi kwenye nyasi pamoja na mama yake. Alikimega katikati. Nusu alimpa mama. Mama akakataa, akampa tena, mama akala. Iliwachukua muda mfupi sana. Kisha wakabaki wameketi, mama akimpangusa vumbi la soksi.

Nilipogeuka, uwanja ulikuwa umebadilika. Watoto walikuwa wakiondoka mezani mmoja mmoja, wawili wawili, kila mmoja na mzazi wake, wakitembea taratibu kama watu wanaokwenda kutazama maua. Milango ya magari ilifunguka na kufungwa. Vioo vikapandishwa, na joto lilikuwa la kukaanga mayai juu ya boneti. Ndani ya kila gari uliona kivuli cha mtu mzima na kivuli kidogo kilichoinama. Waliobaki kwenye nyasi walikuwa kama saba au wanane, wale ambao magari hawana.

Binti yangu alinijia akivua glavu. Nikamtayarishia maneno. Nilijua ataniuliza habari za rafiki yake, kwa nini nilimkatalia mama yule, kama tunaweza kumwita. Na nilikuwa nimeshaamua, hili naapa, kwamba akiniuliza nitasema mwite, mwite na mama yake, tukale wote, na watu waseme watakavyo. Nilihitaji aniulize tu. Sikuwa na ujasiri wa kuanza mwenyewe, lakini wa kusukumwa nilikuwa nao.

Alitazama upande wa wale wawili kwenye nyasi. Akatazama magari.

"Kuku yuko wapi?" akasema. Hakuuliza kama yupo.

Tukaenda garini. Aliingia kiti cha nyuma, mimi nikafungua buti kidogo tu, upana wa mkono, nikaivuta hotipoti na kumpitishia. Akaniambia nipandishe kioo. Alikula mapaja yote mawili na bawa moja, bila haraka, mifupa akiipanga juu ya foili. Mimi nilikaa mbele nikitazama kwenye kioo cha dereva, nikisubiri. Nilimuuliza kama angependa kumpelekea rafiki yake kipande. Niliuliza kwa sauti ndogo, kama mtu anayeulizia njia ambayo hataki kuonyeshwa.

"Hapana, mama," akasema. "Ataniuliza kimetoka wapi."

Alipomaliza alifunga mifupa kwenye foili, akaisukuma chini ya kiti changu. Alijifuta midomo, halafu kila kidole, halafu akanusa mikono yake na kujifuta upya. Alichukua ndizi niliyoiacha kwenye kiti, akaimenya, akaila nusu. Nikadhani bado ana njaa. Kisha nikaona kwamba ile iliyobaki anaishika wazi, juu juu, ili aonekane nayo.

Akafungua mlango, akaweka mguu mmoja chini, akageuka.

"Mama, visitesheni ijayo usiegeshe hapa," akasema. "Hapa watu wanapita sana. Uegeshe kule nyuma ya jiko."

Nikamwambia sawa.